Mluzi wa Yeyo

SEHEMU YA KWANZA

Yeyo alianza na mgongo. Kabla dumu lolote halijaguswa, aligeuza kiganja na kupitisha upande wa nyuma wa mkono wake juu ya ngozi ya punda, taratibu, kutoka mabegani mpaka kiunoni, akiufuata ule mstari mweusi ambao begani hukatana na mwingine na kufanya msalaba. Alikuwa akitafuta joto. Penye joto pana kidonda kinachokuja, na punda mwenye joto mgongoni alibaki bomani siku hiyo, mzigo wake wakagawana wenzake. Asipolisikia, alitandika gunia lililokunjwa mara nne, juu yake kipande cha ngozi kuukuu ya ng'ombe, ndipo kamba na madumu vikafuata, mawili kushoto na mawili kulia. Asubuhi yalikuwa matupu. Jioni yangerudi na kilo 80 za maji.

Tunu alikuwa amelala kifudifudi juu ya samadi kavu, kamera usawa wa kwato, akiomba Mungu Beka asikohoe.

Ilikuwa Septemba 2019, kaskazini mwa mlima Longido, karibu na mpaka wa Kenya kiasi kwamba simu ilikuwa ikibadilisha mtandao kila ukigeuka. Nyasi zilikuwa zimeisha. Mjini Longido gumzo lilikuwa mradi wa maji wa Mto Simba. Huku porini punda ndiye aliyekuwa bomba, na mwenye bomba ni mwanamke. Ng'ombe wa Kimasai amepigwa picha mpaka basi. Yuko kwenye kalenda, yuko kwenye kadi za watalii, yuko kwenye filamu zilizoshinda tuzo. Punda naye yumo kwenye picha hizo hizo ukiangalia vizuri, huko nyuma, kapakiwa maji, na hakuna aliyewahi kuuliza ni wa nani. Tunu, mtoto wa Ngamiani, Tanga, aliyemjua punda kwa mikokoteni tu, alikuja kuuliza.

Yeyo alirudi nyuma hatua mbili. Akabana ulimi, akapuliza.

Wazee wa Kimasai wa rika lake waling'olewa meno mawili ya mbele ya chini wakiwa wadogo, na Yeyo alikuwa amelipatia lile pengo kazi yake. Mluzi wake ulitokea hapo: mfupi, mfupi, kisha mmoja mrefu unaoshuka mwishoni. Wake wenza walijaribu kuuiga wakashindwa. Wajukuu walijaribu, wakaishia kutema mate. Punda mmoja tu kati ya wale wanane aliuitikia, jike mweusimweusi mwenye tumbo jeupe na ufa kwenye kwato ya mbele kushoto, na wengine saba walimfuata yeye. Jina lake Namunyak.

Jina la mtu. Bomani walikuwa wameshalicheka mpaka wakachoka.

Kwenye korongo, mwendo wa saa mbili na nusu kwa miguu, wanawake walikuwa wamechimba visima vya mchanga vyenye kina cha kumficha mtu mzima. Mmoja anashuka, anachota kwa kikopo, anampa aliye juu, yule anamimina. Dumu moja hula muda mrefu kuliko mtazamaji wa mjini anavyoweza kuvumilia, na Tunu alishajua kwamba sehemu hiyo itakatwa kwenye uhariri, jambo lililomuudhi, kwa sababu hapo ndipo palipokuwa na kila kitu. Maji ya kwanza hayakuingia kwenye dumu. Yeyo aliyamimina kwenye karai na kumsogezea Namunyak. Wa pili wakanywa wale saba. Wa tatu Nashipai, mjukuu wake wa miaka 11, kwa siku ambazo hakwenda shule. Yeye mwenyewe alikunywa mwisho, yaliyobaki karaini, na mate ya punda ndani yake.

Usiku ule Tunu alipanda kichuguu kutafuta mtandao na kukuta barua pepe ya mtayarishaji mwenza aliyeko Berlin. Picha nzuri sana, aliandika. Mwanga mzuri sana. Lakini mapenzi yako wapi? Mama huyu hamkumbatii punda wake hata mara moja. Hamwambii neno. Wafadhili wanauliza kama kuna namna ya kumwomba aonyeshe anavyojisikia.

"Mwambie alete mdomo wake huku apigwe teke, aonyeshe anavyojisikia," alisema Beka, fundi wa sauti, Mzaramo asiyekuwa na subira na mtu yeyote asiyekuwepo.

Hata hivyo kesho yake Tunu aliuliza. Alijitetea kwamba ni kazi. Walimketisha Yeyo kivulini, wakamvika kipaza sauti kwenye shuka, na Saning'o, kijana wa boma la jirani aliyekuwa mkalimani wao, akachuchumaa pembeni ya kamera. Saning'o alikuwa amemaliza kidato cha nne, alikuwa na pikipiki, na alizungumza Kiswahili cha Arusha kilichojaa "mwanangu" na "freshi". Tunu alimtegemea kwa kila kitu. Yeye mwenyewe alijua salamu ya takwenya, na kuitikia iko, na majina ya wanyama.

"Muulize kama anampenda Namunyak."

Saning'o alitabasamu, akauliza. Yeyo alimtazama Tunu kwa muda, si kwa ukali, zaidi kama mtu anayekadiria umri wa mtoto.

"Anasema, punda si wa kupendwa," alitafsiri Saning'o. "Anasema Namunyak anamdai."

"Anamdai nini?"

Na hapo hadithi ikatoka, bila machozi, kwa sauti ile ile ambayo Yeyo alitumia kuagizia chumvi.

Mwaka 2008 mwanawe wa pekee, Lemayani, alikuwa Mererani kwenye migodi ya tanzanite. Machi ya mwaka ule mvua ilinyesha usiku, mafuriko yakaingia mashimoni, makumi ya vijana wakafia chini ya ardhi. Baadhi yao walipatikana, wengine hapana. Lemayani hakurudi na hakupatikana. Habari zilipofika bomani mkewe alikuwa mjamzito, na uchungu ulimshika kabla ya siku zake. Gari hakuna. Walimpandisha juu ya punda jike aliyekuwa bado kijana, hajawahi kubebeshwa mtu, na punda yule alitembea usiku kucha mpaka zahanati bila kusimama na bila kuongozwa na kamba, kwa sababu Yeyo mikono yake yote miwili ilikuwa imemshika mkwe wake asianguke. Walifika. Mtoto alitoka mzima. Mama yake alivuja damu mpaka jua lilipochomoza, akafariki.

"Kurudi," alisema Saning'o, na kwa mara ya kwanza hakusema mwanangu wala freshi, "alimweka mtoto kwenye mkoba wa ngozi, ule wa kubebea wana-kondoo, akaufunga ubavuni mwa punda. Anasema mtoto hakulia njia nzima. Ndiyo Nashipai huyo. Jina akampa baada ya miezi. Kwanza alisubiri kuona kama ataishi."

Yeyo akaongeza neno moja, akanyanyuka na kuanza kuvua kipaza sauti.

"Anasema, sasa amejibu. Punda wanasubiri maji."

Tunu alipeleka ile sehemu Berlin akijua wataipenda, na akajichukia kidogo kwa kujua. Mimi simlaumu. Anayeshika kamera hula kwa macho yake.

Jioni hiyo Beka alikuja na wazo. Alikuwa na kinasa sauti kidogo, ukubwa wa kiberiti, kinachoweza kurekodi usiku mzima bila kuguswa. Alitaka pumzi ya punda akilala, kutafuna, kwato kwenye samadi, kila kitu ambacho kipaza sauti cha mbali hakikipati. Yeyo aliomba kwanza akishike, akakinusa, akakubali kwa kichwa. Beka akakifunga kwa utepe mweusi kwenye kamba ya shingoni ya Namunyak, chini ya manyoya, na watu wakaenda kulala.

Aliyewaamsha si jogoo. Ilikuwa ni sauti ya mke mdogo wa mzee wa boma, akipiga yowe lisilokuwa na maneno.

Zizi la punda lilikuwa tupu. Wote wanane.

Tunu alitoka na kamera kabla hajavaa viatu. Wanaume walikuwa wameshafika langoni na walikuwa wamesimama hapo, kimya, jambo la ajabu kwa wanaume waliotoka kuibiwa. Kwa wasiolijua boma la Kimasai: lango lake la usiku ni tawi zima la mgunga. Anayefunga husimama ndani, akashika shina na kulivuta kuelekea kwake, miiba yote ikabaki inatazama nje. Aliye nje hana pa kushika. Akitaka kuingia itambidi akate kwa panga, na utaona vipande, au alichome moto.

Hapakuwa na kipande hata kimoja. Tawi lilikuwa limelazwa pembeni, upande wa ndani, kwa uangalifu, shina likielekea nyumba za wanawake. Mbwa watatu walikuwa wamelala karibu yake na hakuna mtu aliyekuwa amewasikia wakibweka usiku ule.

Mzee wa boma alizunguka polepole akawatazama watu wake mmoja mmoja. Alipomfikia Tunu alinyoosha fimbo, akafunika lenzi nayo.

"Zima," alisema kwa Kiswahili. "Aliyefungua yuko hapa hapa."

SEHEMU YA PILI

Ilipoishia: punda wanane wa boma la Yeyo wametoweka usiku, na lango limefunguliwa kutoka ndani. Sasa endelea.

Nyayo walizifuata saa moja asubuhi, morani watano mbele, wanawake nyuma, na Tunu katikati, akiwa ameruhusiwa kupiga picha za njia lakini si za nyuso. Kwato za punda ni nyembamba, na ardhi ya Septemba haina siri. Pembeni ya kwato kulikuwa na alama za katambuga, zile ndala za matairi ambazo kila mtu huku anavaa, kwa hiyo hazikusema kitu. Zilizosema ni za gambuti. Watu wawili wa gambuti, wazito, wenye kukanyaga kwa visigino.

"Hawa si wa huku," alisema mwenyekiti wa kijiji, aliyekuwa amejiunga nao na baiskeli. "Hawa wamekuja kuchuna."

Kila mtu alimwelewa. Kenya wakati ule ilikuwa na machinjio manne ya punda yenye leseni, na ngozi zilikuwa zikipelekwa China kuchemshwa mpaka zitoe ejiao, gundi inayouzwa kama dawa ya damu na ya urembo. China yenyewe ilikuwa na punda zaidi ya milioni 10 mwanzoni mwa miaka ya 1990. Kufikia wakati ule wengi wao walikuwa wameshakwisha, na wanunuzi wakageukia Afrika. Si mnyama wa kuzalisha haraka. Punda jike hubeba mimba mwaka mzima na huzaa mtoto mmoja. Kwa hiyo biashara iliyoanza kwa kununua mnadani iligeuka kuwa biashara ya usiku, na mpaka wa Namanga haukumzuia mtu, kwa sababu mpaka wenyewe ni barabara moja yenye geti na porini kote kuna njia za ng'ombe. Marufuku ya Kenya ingekuja Februari 2020, kisha mahakama ingeitengua mwaka uliofuata, na Umoja wa Afrika ungekuja kupiga marufuku biashara ya ngozi bara zima Februari 2024. Asubuhi ile hakuna lolote kati ya hayo lililomsaidia mtu.

Tai ndio waliowaonyesha mahali.

Nitapita hapa haraka. Walikuwa watano, kwenye kona ya korongo ambapo mchanga ni laini na hausikiki. Ngozi zilikuwa zimechukuliwa zote, na masikio pamoja nazo, na masikioni ndiko kila familia hukata alama yake. Nyama ilikuwa imeachwa. Hakuna Mmasai atakayeigusa, na wale wenye gambuti hawakuja kwa ajili yake. Mke mdogo alikaa chini palepale na kujifunika shuka usoni. Bila masikio hakuna aliyeweza kusema yupi ni wa nani.

Yeyo aliweza. Alipita kwa wa kwanza, akainama, akanyanyua mguu wa mbele wa kushoto na kufuta mchanga kwenye kwato kwa kidole gumba. Akauweka chini vizuri, kana kwamba mwenyewe bado anausikia. Akaenda kwa wa pili, hivyo hivyo. Wa tatu, hivyo hivyo. Kisha akasimama, akajifuta mikono, akawaambia wenzake neno moja.

"Siye," alitafsiri Saning'o. "Namunyak hayupo hapa."

Tunu alikuwa na kamera begani. Alichukua yote, kwa sababu mikono yake ilijua kazi hata pale roho ilipokuwa inakataa, na saa sita mchana, juu ya kichuguu, akatuma ujumbe Berlin kwamba wamepata msiba. Jibu lilirudi kabla hajashuka. Pole sana, pole sana kwenu wote. Halafu, mstari wa chini: Mlifanikiwa kupiga picha?

Hakulijibu.

Askari wawili walikuja alasiri kwa pikipiki, wakaandika, wakauliza kama boma lina mgeni. Mgeni alikuwepo, tena wawili, na Tunu aliona jinsi macho ya watu yalivyohama. Alikuwa amekaa nao, amekula nao, mama wa nyumba ya tatu alikuwa ameshampa kitambaa cha shanga. Sasa palikuwa na umbali wa mita mbili kati yake na kila mtu. Kwa nini punda waibiwe sasa, baada ya watu wa kamera kuja na kuwahesabu, kuwapiga picha, kuuliza yupi ni bora? Hakuna aliyelisema. Saning'o peke yake ndiye aliyekaa karibu nao, akawachekesha kidogo, akasema yatapita.

"Ondokeni kesho," alimwambia Tunu kwa sauti ya chini. "Nakushauri kama dada yangu. Mimi nitawabeba mmoja mmoja mpaka barabara kuu."

"Mbona haraka hivyo?"

"Wazee wakishakaa kikao, dada, hata mimi sitakuwa na la kusema."

Usiku Tunu aliingia ndani ya hema kuhamisha picha kwenye kompyuta. Ni kazi ya kuchosha ambayo haihitaji akili, ndiyo maana aliipenda. Picha za korongo alizirusha mbele. Kisha akasimamisha. Akarudisha nyuma. Akazitazama tena kwa mwendo wa kawaida, mkono ukiwa mdomoni.

Punda walikuwa watano. Yeyo alikagua kwato tatu.

Kwa wale wawili wa mwisho hakuinama. Hakuwatazama hata. Alifuta mikono na kusema siye, kwa uhakika wa mtu anayesoma jibu ambalo tayari analo.

"Beka," aliita. "Njoo uone kitu."

Beka alikuja, lakini nyuma yake alikuwepo Nashipai, ameshika kitu ndani ya upande wa shuka. Alikuwa ametoka kurudisha wana-mbuzi kwa kuchelewa, kwa kuwa siku kama ile hakuna aliyekumbuka kumpigia kelele mtoto. Alikifungua. Ilikuwa kamba ya shingoni ya Namunyak, haikukatwa, ilikuwa imefunguliwa fundo, na kwenye utepe mweusi bado kilikuwepo kile kinasa sauti. Taa yake ndogo nyekundu ilikuwa imezimika pamoja na betri.

"Umeipata wapi?"

"Njia ya mlimani. Imetundikwa kwenye mti." Nashipai alielekeza kusini, upande wa mlima. Nyayo za asubuhi zilikuwa zimekwenda kaskazini, kwenye mpaka.

Beka alikwishaitoa memori kadi. Alikuwa na mikono ya mtu anayefungua bomu. Faili lilikuwa zima, saa sita na dakika kadhaa. Waliliona kwanza kwa macho, mstari mrefu uliolala, pumzi na kutafuna, pumzi na kutafuna, mpaka saa nane na dakika 17 usiku ambapo mstari uliruka juu.

Tunu alivaa hedifoni.

Mbwa alibweka mara moja, akakatisha, kama mbwa aliyemtambua mtu. Miiba ilikwaruza ardhini, kwa muda mrefu, mtu akivuta polepole. Hatua. Kisha, karibu kabisa na kinasa, mfupi, mfupi, na mmoja mrefu unaoshuka mwishoni.

Kwa sauti ile hakuhitaji mkalimani. Alikuwa ameirekodi kila alfajiri tangu afike.

Baada ya mluzi yakaja maneno, Kimasai, ya kunong'ona. Sauti ya Yeyo. Halafu sauti ya mwanamume, nzito, yenye mkwaruzo wa kifua kibovu, na hakuwa mzee wa boma wala morani yeyote ambaye Tunu aliwahi kumvisha kipaza sauti. Walizungumza kwa dakika nzima. Namunyak alikoroma puani. Mtu alicheka kidogo, au alilia; kwa kunong'ona haya mawili hufanana.

"Mwite Saning'o," alisema Beka.

Tunu alisita, kisha akamwita, kwa sababu hapakuwa na mwingine. Saning'o aliingia akiinama, akapokea hedifoni, akasikiliza akitazama chini. Beka alimtazama usoni. Tunu alimtazama mikononi. Mikono ile ilikuwa imetulia mno.

"Upepo mwingi," alisema mwishowe, akizivua. "Halafu kuna wachungaji wawili wanapita mbali. Wanaongea habari za mbuzi. Hakuna kitu hapo, mwanangu."

"Za mbuzi tu?"

"Mbuzi wao wamepotea." Alirudisha hedifoni, akasimama. "Lalani. Alfajiri nakuja kuwachukua."

Alipotoka, Tunu alibaki amekaa. Majina ya wanyama aliyajua. Ndiyo maneno ya kwanza ambayo watoto wa boma walimfundisha. Mbuzi hakumsikia mahali popote kwenye ile dakika. Katika maneno yote yale alilikamata moja tu, lilitajwa na mwanamume mara mbili, na lilikuwa jina la mtoto aliyesimama mlangoni mwa hema.

"Siyo sawa, dada Tunu," alisema Beka, akiwa ameshamwelewa. "Ni mtoto."

Ni kweli haikuwa sawa. Lakini Nashipai alikuwa amewaona wanavyotazamana, na darasani alikuwa wa kwanza kwa Kiswahili, na hakuna mtoto wa miaka 11 ambaye utamwonyesha hedifoni halafu umwambie aende kulala. Alizichukua mwenyewe. Zilikuwa kubwa, ikabidi azishike kwa mikono yote miwili.

Beka alirudisha mpaka kwenye mluzi.

Uso wa Nashipai ulichangamka. "Huyu koko, bibi yangu!" alisema kwa sauti kubwa, kama anavyosema mtu aliyezibwa masikio. "Anamwita Namunyak. Sasa anasema..." Alisikiliza. "Anasema, hao saba chukua, huyu humgusi. Huyu nampeleka mlimani mimi mwenyewe."

"Anamwambia nani?"

"Simjui." Alikunja uso, akabana hedifoni zaidi. "Anakohoa. Anasema sawa. Anasema asingekuja, ni deni, wale watu wangemuua. Koko anamwambia anyamaze." Kimya kidogo. Kisha tabasamu likamrudia, la mtoto aliyesikia akitajwa na wakubwa. "Ananitaja mimi!"

Tunu alitaka kumzuia. Mkono ulikuwa tayari umefika kwenye waya.

Lemayani alikufa Machi 2008, kabla ya mtoto kuzaliwa, na jina la mtoto lilikuja miezi baadaye. Yeyo alilisema hilo mbele ya kamera.

"Anamuuliza koko," alisema Nashipai, na tabasamu likaanza kusita, kwa kuwa Kiswahili chake kilikuwa kizuri na alikuwa amelielewa swali kabla ya kulimaliza, "anamuuliza, binti yangu Nashipai sasa yuko darasa la ngapi?"

Nje, pikipiki ya Saning'o iliwaka, ikaondoka bila taa, kuelekea mlimani.

ITAENDELEA WIKI IJAYO